Sifa ya Sajini Leakey: Mmoja Ametajwa, Watatu Hawakutajwa

Liko andiko fupi ambalo nataka tulipime pamoja, kama mtu apimavyo kitabu kipya au utenzi. Lakini hili si kitabu wala si utenzi. Ni hati ya sifa ya askari mmoja, iliyotangazwa katika gazeti la serikali ya Uingereza, London Gazette, tarehe 15 Novemba 1945. Urefu wake haupiti ukurasa mmoja. Lakini ndani ya ukurasa ule mna ushujaa wa mtu na mauti yake, na tena wamo watu wetu, ingawa msomaji mwenye haraka aweza kupita asiwaone.

Askari mwenyewe ni Sajini Nigel Gray Leakey. Alizaliwa Kenya mwaka 1913, naye alikuwa binamu yake Dk. Louis Leakey, ambaye jina lake twalijua kwa ajili ya mifupa ya kale ya Olduvai. Vita vilipokuja aliingia jeshi la King's African Rifles, ambalo wazee wetu waliliita Keya, akawekwa katika batalioni ya kwanza ya Keya ya 6. Hapo ndipo habari hii inapotugusa sisi wa Mwanza na wa kando ya Ziwa. Maana Keya ya 6 ilikuwa Keya ya Tanganyika. Vijana waliojaza kombania zake waliandikwa katika nchi hii yetu. Katika vita vile vya 1939 hadi 1945 watu wa Tanganyika zaidi ya 80,000 walitumika jeshini, wengine Uhabeshi, wengine Madagascar, wengine hata Burma. Basi tukisoma sifa ya Sajini Leakey hatusomi habari za wageni. Twasoma habari za kombania ambazo vijana wa nchi hii walilala ndani yake, wakala ndani yake, na wengine wakafa ndani yake.

Nishani aliyopewa ni Victoria Cross. Katika jeshi la Uingereza hakuna nishani ya ushujaa vitani iliyo kubwa kuliko hiyo. Alipewa akiwa amekwisha kufa, na hati ikatangazwa zaidi ya miaka minne baada ya siku yenyewe ya vita.

Kwanza nitaeleza jambo lililotokea, kwa ufupi, kama hati inavyolieleza. Siku ilikuwa tarehe 19 Mei 1941, mahali paitwapo Colito, katika nchi ya Uhabeshi, karibu na mto Bilate. Mfalme Haile Selassie alikuwa amekwisha kurudi Addis Ababa tangu tarehe 5 ya mwezi ule, lakini majeshi ya Wataliani yalikuwa bado yakipigana upande wa kusini. Askari wa Keya wakavuka mto, wakashika mahali ng'ambo, hawana silaha kubwa za kuzuia vifaru. Mara Wataliani wakawarudia kwa nguvu, na vifaru vyao vikatokea. Sajini Leakey alikuwa akipiga mzinga mdogo wa kurushia makombora, na makombora yalikuwa yamekwisha. Akasogea mbele aone lililobaki la kufanywa. Kifaru kimoja kilikuwa kinawajia askari kwa nyuma. Akakirukia juu, bastola mkononi, akakifungua kifuniko kwa nguvu, akawapiga waliokuwamo, ila dereva peke yake akamwacha hai, akamlazimisha kukiendesha mpaka mahali penye kificho. Akajaribu kuutumia mzinga wa kifaru kile, ukakataa. Ndipo aliposhuka, akapaza sauti kwamba atavifuata vilivyobaki kwa miguu. Akaenda katika uwanja uliokuwa ukimiminiwa risasi za bombomu. Vifaru viwili vikapita. Cha tatu akakirukia, akakifungua, akamwua mtu mmoja ndani yake. Hapo kifaru cha nne kikampiga risasi, akaanguka. Kaburi lake halijulikani. Jina lake limeandikwa Nairobi, katika Ukumbusho wa Afrika Mashariki ulio kwenye makaburi ya vita.

Hizo ndizo habari. Sasa tuipime hati kama andiko.

Mnyonge mnyongeni, haki yake mpeni. Hati hii ina uzuri wake, nao ni mwingi. Katika masimulizi yake yaenda kwa vitendo: alisogea, aliruka, alifungua, alishuka, alikwenda. Haituelezi alivyokuwa nyumbani, wala haitafuti ishara za ushujaa tangu utoto wake, kama wafanyavyo waandishi wengi wanaosifu maiti. Tena haimtukani adui. Mtaliani aliyemo ndani ya kifaru hakuitwa mnyama wala mwoga. Ameitwa adui, basi. Na tena haifichi kushindwa: makombora yalikwisha, mzinga wa kifaru ulikataa kupiga, vifaru viwili vikapita visiguswe. Mwandishi mwongo angaliyaacha hayo, ili shujaa wake asionekane kupungukiwa. Lakini ni hayo hasa yanayotufanya tuamini. Mwalimu afundishaye watoto kuandika insha aweza kuitumia sehemu hiyo ya hati kuwa mfano mwema: sema lililotendwa, kwa mpango wake, nawe uache.

Lakini kuna mahali hati inapojikwaa, napo ni katikati kabisa. Inaposimulia jinsi Sajini Leakey alivyoshuka katika kifaru kwenda kuvinyatia vingine kwa miguu, yasema kwamba alifuatana na sajini-meja mmoja wa kombania, Mwafrika, na askari wengine wawili. Basi. Hapo wametokea, na papo hapo wamepotea. Hawana majina. Hawakusema neno. Hatuambiwi walishika silaha gani, wala ni nani aliyekaribia kifaru kipi, wala kama walirudi wazima au waliachwa katika majani ya Colito pamoja na sajini wao. Kifaru cha nne kinapopiga risasi, hati yamwona mmoja akianguka, na tangu hapo watatu wale hawatajwi tena.

Msomaji wangu, hebu fikiri uwanja ule. Mbele ni vifaru vya chuma, na risasi zaja kama mvua ya masika juu ya Ziwa. Watu wanne waondoka mahali penye kificho, waenda kwa miguu. Risasi haikuuliza cheo wala rangi. Kama hatari ilikuwa moja kwa wote wanne, kwa nini sifa imeandikwa kwa mmoja?

Najua jibu litakalotolewa, na jibu hilo si la kudharauliwa. Watasema: hati ya nishani ni ya mtu mmoja kwa desturi yake. Haikuandikwa kuwa historia ya vita nzima. Iliandikwa kueleza kwa nini huyu apewe nishani. Kama ingetaja kila mtu aliyekuwapo ingekuwa orodha ya mishahara. Hayo ni kweli. Lakini tazameni: mwandishi mwenyewe ameona lazima kuwataja wale watatu. Angaliweza kuwaacha kabisa, wala hakuwaacha, maana habari isingekuwa kweli pasipo wao. Tena cheo cha mmoja wao alikijua, akakiandika. Ajuaye cheo cha mtu katika kombania moja hakosi njia ya kulijua na jina lake. Katika kombania sajini-meja ni mmoja. Si mtu wa kutafutwa kwa taa.

Watasema tena: hata katika Biblia mashujaa wengine wana wenzao wasio na majina. Nalo ni kweli, na mfano ulio karibu kabisa na Colito ni ule wa Yonathani katika 1 Samweli 14, alipopanda jabali kuishambulia ngome ya Wafilisti, na nyuma yake yuko kijana mmoja tu aliyemchukulia silaha. Kijana yule hakuandikwa jina. Lakini someni tena sura ile kwa jicho la mwandishi. Kijana amepewa maneno yake mwenyewe: Yonathani amwambia shauri lake, naye ajibu, na jibu lake lina moyo mkuu kama lile shauri. Amepewa na tendo lake: apanda nyuma ya bwana wake, na wale walioangushwa mbele ya Yonathani yeye awaua nyuma yake. Tukifunga kitabu twamjua, ingawa hatuwezi kumwita. Sajini-meja wa Colito hana jina, hana neno, hana tendo. Na kwa upande wa majina, 2 Samweli 23 yatupa orodha ya mashujaa wa Daudi. Yule wa mwisho katika orodha ni Uria Mhiti, mtu wa kabila geni, tena mtu ambaye jina lake lilikuwa aibu kwa mfalme mwenyewe. Mwandishi hakulifuta. Alihesabu watu thelathini na saba, akaweka na Uria. Huo ndio uaminifu wa kalamu.

Sasa nitasema neno ambalo kwangu ndilo kubwa kuliko yote. Wengi wanaolalamika juu ya mambo kama haya hulalamika kwa ajili ya haki tu: kwamba Mwafrika amenyimwa sehemu yake. Haki hiyo ipo, wala siipunguzi. Katika Keya za siku zile uofisa ulikuwa wa Wazungu; na katika vita vyote vya 1939 hadi 1945 hakuna Mwafrika mweusi hata mmoja aliyepewa Victoria Cross, ingawa wako waliopewa nishani nyingine za ushujaa. Lakini mimi hapa napima andiko, nami nasema kwamba kuwaacha wale watatu gizani kumemdhulumu Sajini Leakey mwenyewe.

Kwa nini? Kwa sababu kifaru cha kwanza alikiruka peke yake, na mtu aweza kusema: ni ushujaa wa ghafula, moto wa dakika moja, damu imechemka. Lakini kifaru kile kilipokwisha kutulia, na mzinga umekataa, na yeye amesema atakwenda kwa miguu, watu watatu waliinuka wakamfuata. Na mmoja wa hao alikuwa sajini-meja, ambaye kazi yake ni kuijua kombania nzima na kutochezea maisha ya watu. Mtu wa namna hiyo hamfuati mwenda wazimu. Humfuata mtu aliyemwona siku nyingi, akamjua, akamsadiki. Basi ushuhuda mkubwa wa Leakey alikuwa mtu gani si kile kifaru. Ni wale watatu. Hati yetu yasema mwishoni kwamba askari waliouona ushujaa wake walitiwa moyo wakaendelea kupigana, nayo yamhesabia yeye kuokoka kwa siku ile. Lakini ushahidi wa maneno hayo ulikuwa mkononi mwa mwandishi, nusu ukurasa juu, naye hakuutumia. Ametwambia kwamba askari walitiwa moyo. Hakutuonyesha hata mmoja. Kidole kimoja hakivunji chawa, na sifa ya mkuu pasipo wafuasi wake ni nusu ya sifa.

Kosa hili si la hati hii peke yake. Aliyefika Dar es Salaam ameiona sanamu ya askari katikati ya mji, ya shaba nyeusi, bunduki mkononi, iliyosimamishwa mwaka 1927 kwa ajili ya askari na wapagazi wa vita vya 1914 hadi 1918. Sanamu yenyewe ni kazi nzuri: mtu yule ameinama mbele kidogo kama aendaye kweli vitani. Chini yake mna maandishi kwa Kiingereza, kwa Kiarabu na kwa Kiswahili. Maneno yake yalitungwa na Rudyard Kipling, na maana yake ni kwamba mtu akipigania nchi yake, hata akifa, wanawe watalikumbuka jina lake. Ni ahadi njema. Lakini zunguka sanamu ile pande zote, utafute jina moja la kukumbukwa, hulioni. Wana wameagizwa kukumbuka majina ambayo jiwe lenyewe halikuyashika. Na wapagazi walikufa wengi katika vita vile, kwa njaa na maradhi kuliko kwa risasi. Kariakoo ya Dar es Salaam imepata jina lake kwa kikosi chao, basi kumbukumbu yao imekuwa jina la soko.

Pembeni mwa sanamu hiyo kubwa nitaweka jiwe dogo sana, lililoko mbali, katika mji wa Berlin. Ni kipande cha shaba kilichotiwa katika njia ya waenda kwa miguu mwaka 2007, nacho kina jina la Bayume Mohamed Husen. Huyu alizaliwa Dar es Salaam mwaka 1904. Angali mtoto aliingia jeshi la Wadachi, akapigana katika vita ile ile ya 1914. Mwaka 1929 akafika Ujerumani, akadai kwa maandishi mishahara yake na ya baba yake iliyokuwa haijalipwa, akanyimwa. Akaomba nishani ya wapiganaji wa vita, akanyimwa nayo. Alifundisha Kiswahili, akaonekana katika sinema nyingi, na mwisho, chini ya utawala wa Hitler, akatiwa katika kambi ya Sachsenhausen, akafa humo tarehe 24 Novemba 1944. Maisha yake ni ya huzuni kuliko ya askari wengi. Lakini twayajua. Twajua mwaka aliozaliwa na siku aliyokufa, na mtu akipita njiani Berlin aweza kuinama asome jina lake. Kwa nini yeye, na si sajini-meja wa Colito? Sababu moja ni hii: Husen aliandika. Barua zake za kudai zilikataliwa, lakini zilikaa katika ofisi, na miaka mingi baadaye wataalamu wakazikuta. Aliyenyimwa nishani alibaki na jina.

Hapo sasa neno latugeukia sisi wenyewe. Watu wa kando ya Ziwa hatukuwa wajinga wa kusifu. Kila aliyekaa Usukuma ajua jinsi mavuno yakiisha Wagika na Wagalu wanavyokutana kushindana kwa ngoma, na manju aimbapo hamtaji shujaa pasipo jina. Amtaja yeye, na nduguye, na kijiji chake, na mwenzake aliyemsaidia, na hata yule aliyekimbia. Nyimbo za vita zilikuwapo pia, zilizotungwa na waliokwenda na kurudi. Manju asiyejua kusoma alikuwa mwaminifu zaidi kwa majina kuliko karani wa jeshi. Lakini wimbo hukaa muda wa pumzi za waimbaji wake. Wazee wa Keya wamekwisha karibu wote, nao wametuachia vitu vidogo: cheti cha kuachishwa jeshi kilicholiwa na mchwa, nishani moja katika sanduku la bibi, jina la mji wa mbali alilopewa mjukuu kwa sababu babu alilipenda au alilichukia.

Sisi tuliofundishwa kusoma hatuna udhuru. Katika kila nyumba yenye kumbukumbu ya namna hiyo, mmoja achukue daftari, aandike: jina la babu kamili, na jina la baba yake, kijiji alichotoka, Keya ya ngapi, alikwenda wapi, kama ni Uhabeshi, au Majunga ya Madagascar mwaka 1942, au Kalewa ya Burma mwaka 1944, nani alikuwa rafiki yake, na nani hakurudi. Asiongeze neno la kumpamba. Kama babu aliogopa, na aandike kwamba aliogopa. Aige uzuri ule wa hati ya London, wa kusema lililotendwa na kuacha, lakini asiige upungufu wake.

Nami namaliza kwa kutoa hukumu yangu juu ya hati, kama ilivyo kazi ya mpimaji. Ni andiko la kweli kwa yote lililoyasema, nalo limeandikwa kwa kalamu safi. Sajini Leakey alistahili kila neno. Lakini yasomwe madarasani kwa sauti, na mwalimu afikapo penye yule sajini-meja na wale askari wawili, na anyamaze kidogo, awaulize watoto: Hawa ni akina nani? Swali hilo halimo katika hati. Lapasa kuongezwa na msomaji.